Mwezi wa Matofali wa Mchungaji Hale

Kuanzia Oktoba hadi Desemba 1869, jarida la Atlantic Monthly la Boston, Marekani, lilichapisha kwa mafungu hadithi ya mwezi uliojengwa na waashi. Ulikuwa tufe la matofali ya kuchoma, lenye uwazi ndani na kipenyo cha futi 200, yaani mita 61 hivi. Hadithi iliitwa "The Brick Moon", na mwendelezo wake ukatoka Februari 1870. Aliyeitunga, Edward Everett Hale, alikuwa mchungaji wa Waunitariani mjini humo.

Wanaoandika historia ya safari za anga humpa Hale heshima ya kuwa wa kwanza kuwaza satelaiti katika hadithi. Anastahili. Lakini sifa hiyo imemgeuza mtabiri wa roketi, na roketi hakuziwaza hata kidogo. Alichokuwa akikijenga ni mnara wa taa wa angani, mali ya mabaharia wote.

Hadithi inaanza na wanafunzi wa chuo wanaojadili shida ya kale ya bahari. Kujua uko umbali gani kaskazini mwa ikweta si kazi ngumu: pima urefu wa nyota ya kaskazini juu ya upeo wa macho. Manahodha wa Bahari ya Hindi walifanya hivyo kwa kibao kidogo chenye uzi wa mafundo kiitwacho kamal, ingawa ukishavuka ikweta kwenda kusini nyota hiyo huzama ikakuacha. Longitudo, yaani umbali wa mashariki au magharibi, haina nyota yake, kwa kuwa dunia inajizungusha na nyota zote hupita. Basi, wakasema vijana wa Hale, kama Mungu hakuiweka nyota hiyo, tuiweke sisi. Mwezi mdogo upite juu ya ncha zote mbili za dunia, ukifuata mstari wa Greenwich, maili 4,000 juu yetu. Baharia atakayeupima urefu wake angani atajua yuko wapi.

Ajabu ni kwamba shida yenyewe ilikuwa imekwisha kupata dawa. Bunge la Uingereza lilitangaza zawadi ya hadi pauni 20,000 mwaka 1714, na saa ya John Harrison ilikwenda Jamaica kwa meli mwaka 1761 ikathibitisha kwamba longitudo inaweza kubebwa ndani ya kasha. Kufikia siku za Hale saa hizo zilikuwa chombo cha kawaida melini. Nadhani alilijua hilo vizuri. Mwezi wake una uzuri ambao saa haina: saa ni ya aliyeinunua, mwezi ni wa kila mwenye macho.

Kwa nini matofali? Kwa sababu mwezi utarushwa kutoka ardhini, na msuguano wa hewa utaupasha moto. Chuma kitayeyuka, wanahoji wanafunzi, lakini tofali limekwisha kupita tanuruni. Hoja ya fundi hasa. Wa kuurusha ni magurudumu mawili makubwa mno yanayosukumwa na nguvu za maji. Mwezi utateremka kwenye reli hadi ukingoni mwake, nayo yautupe juu. Hale anatumia kurasa nyingi kueleza michango, miaka ya kungoja, na jinsi mmoja wa vijana wale, George Orcutt, anavyotajirika kwa biashara ya reli kisha anairudia ndoto ya chuoni. Kurasa hizo ndizo ninazozipenda zaidi. Ni mara chache hadithi za anga hueleza nani analipa.

Kisha inatokea ajali. Wajenzi na familia zao wanahamia ndani ya vyumba vya mwezi, ardhi inaachia, na tufe linateleza kabla ya wakati wake. Watu 37 wanarushwa angani. Msimulizi anapowaona tena kwa darubini, wako hai na wanawasiliana na dunia kwa kuruka juu, mruko mrefu na mruko mfupi, kama alama za telegrafu.

Hapa mwanafizikia atashika kichwa. Uvutano wa tufe dogo kiasi hicho ni hafifu hata mwendo wa sentimita chache kwa sekunde unatosha kumtoa mtu asirudi tena, kwa hiyo mruko wa kwanza wa salamu ungekuwa wa kuaga. Hewa isingekaa pia. Isitoshe, kitu kilichotupwa mara moja tu kutoka ardhini, bila kusukumwa tena kikiwa juu, ama hurudi chini ama hutoroka kabisa. Na hata kama mwezi ungekaa njiani, dunia ingeendelea kujizungusha chini yake, na mstari wa Greenwich ungeuacha mkono ndani ya saa chache.

Hale hakusumbuka na hayo. Sehemu ya pili inausahau kabisa ubaharia na kuwa habari za kijiji: watu wanalima, wanaishi kwa raha, wala hawaombi kurudishwa. Hakuna meli hata moja inayoongozwa na mwezi ule. Wanaomsifu kwa utabiri wake kwa kawaida huishia kabla ya hapo.

Hitaji lake lilitimizwa kwa njia nyingine. Oktoba 1957 Wasovieti walirusha Sputnik, tufe la aloi ya alumini lenye kipenyo cha sentimita 58. Katika maabara ya Chuo Kikuu cha Johns Hopkins, William Guier na George Weiffenbach walisikiliza mlio wake ukibadilika kadiri lilivyokaribia na kwenda zake, na kwa mabadiliko hayo wakakokotoa njia yake. Mwenzao Frank McClure akaligeuza swali: kama njia ya satelaiti inajulikana, msikilizaji anaweza kujua yuko wapi. Ndivyo ulivyozaliwa mfumo wa Transit, ambao satelaiti yake ya kwanza kufanikiwa ilirushwa Aprili 1960. Mlipaji alikuwa jeshi la maji la Marekani, lililotaka nyambizi zake zenye makombora ya nyuklia zijue mahali zilipo. Makombora hayo yaliitwa Polaris, jina la nyota ya kaskazini. Meli za biashara ziliruhusiwa kuutumia mfumo huo mwaka 1967.