UZI: Siku za likizo zilizorundikana vyuo vikuu, ni deni au zimeenda?

1/ Mjadala wa madeni ya vyuo vikuu vya umma ukianza, kila upande unarusha mabilioni. Kuna deni moja dogo linalopelekwa kortini kimya kimya: likizo ambayo mfanyakazi hakwenda. Si wahadhiri tu. Karani, dereva na mpishi wamo pia. Twende pole pole.

2/ Kwanza historia. Mahakama ya Viwanda ilianzishwa 1964. Lakini chama cha wahadhiri kilipigwa marufuku 1980, na UASU ikasajiliwa 2003. Hiyo ni zaidi ya miaka 20 ambayo mhadhiri mwenye lalamiko la likizo alibaki yeye na mwajiri wake, bila mkataba wa pamoja wa kumkinga.

3/ Katikati ya hayo, 1979, Kenya iliidhinisha Mkataba nambari 132 wa Shirika la Kazi Duniani. Wazo lake: likizo ni ya kupumzika. Huwezi kukubaliana na bosi uuze likizo yako ya lazima ubaki kazini.

4/ Halafu ikaja Sheria ya Ajira ya 2007. Kifungu cha 28 kinampa mfanyakazi angalau siku 21 za kazi kila baada ya miezi 12, kwa mshahara kamili. Ukiachishwa katikati ya mwaka baada ya miezi miwili au zaidi, unahesabiwa siku 1.75 kwa kila mwezi.

5/ Sehemu ambayo wengi hawaisomi: likizo ikigawanywa, lazima upate wiki mbili mfululizo ndani ya mwaka huo. Zilizobaki zichukuliwe ndani ya miezi 18 baada ya mwaka huo kuisha. Yaani sheria haikukusudia likizo iwe akiba ya uzeeni.

6/ Vita huanzia hapo. Watu ni wachache, mitihani imefika, mkuu wa idara anasema "ngoja muhula uishe." Miaka inapita. Siku ya kustaafu chuo kinasema siku hizo zilishapotea. Mfanyakazi anasema "ni nyinyi mlinizuia." Kortini swali ni moja: uliomba lini, na nani alikataa kwa maandishi?

7/ Chuo nacho hakiwezi kukaa tu. Kifungu cha 74 kinamtaka mwajiri aweke rekodi ya likizo: siku za haki, zilizochukuliwa na zilizobaki. Akikosa kuileta, anajiweka pabaya.

8/ Pesa zenyewe? Tuseme mshahara ni 60,000. Ukigawa kwa siku 30, siku 21 ni 42,000. Ukigawa kwa 26, ni kama 48,460. Kwa mtu mmoja, tofauti ni 6,000 na kitu. Zidisha kwa mamia ya watu ndio uone kwa nini mawakili hawalali.

9/ Mtego mkubwa ni muda. Zamani dai la mkataba lilikuwa na miaka 6. Sheria ya 2007 ikapunguza hadi 3 kwa madai ya ajira. Kwa madhara yanayoendelea, ni miezi 12 tangu yakome. Mtu anazungushwa ofisini na "tunashughulikia," akishtuka saa ya kushtaki imepita.

10/ Kwa hivyo anayesema "wanataka pesa za bure" hajasoma kifungu cha 28. Na anayeahidi "zote zitalipwa" hajasoma ile miezi 18. Akipanda jukwaani muulize: mwaka huu wa bajeti, nani ataajiriwa ili aliye kazini aende likizo? Bila jibu hapo, tutarudi kortini na kizazi kingine.

11/ Na wewe uliye kazini: omba likizo kwa maandishi, weka nakala nyumbani. Barua moja ya "ombi limekataliwa" ina uzito kuliko hotuba kumi.