Bomu la Greenwich: Uasi Dhidi ya Wakati Rasmi katika The Secret Agent

Uasi dhidi ya wakati rasmi ni dhamira iliyowavutia watunzi wengi wa bunilizi, ila ni wachache walioiegemeza kwenye tukio la kihistoria kama alivyofanya Joseph Conrad katika riwaya ya The Secret Agent, iliyochapishwa mwaka 1907. Mhakiki anayeisoma riwaya hiyo kama hadithi ya upelelezi tu hupitwa na swali lililo kitovuni mwake: wakati ni mali ya nani, na ni nani hasa awezaye kuuasi?

Mnamo Oktoba 1884 wajumbe wa mataifa 25 walikutana Washington ili kuamua longitudo za dunia zianze kuhesabiwa wapi. Mataifa 22 yaliunga mkono Greenwich, San Domingo ikapinga, Ufaransa na Brazili zikajizuia kupiga kura. Kutoka Afrika, bara ambalo mwezi uliofuata lingewekwa mezani Berlin, ilikuwapo Liberia peke yake. Ufaransa haikusalimu amri hadi 1911, na hata hapo sheria yake haikulitaja jina la Greenwich: ilisema tu kwamba saa halali ni saa ya Paris iliyorudishwa nyuma kwa dakika 9 na sekunde 21. Huo nao ulikuwa uasi wa aina yake, uasi wa wino. Ule wa baruti ulijiri tarehe 15 Februari 1894, pale Martial Bourdin, Mfaransa wa miaka 26, alipolipukiwa na bomu lake mwenyewe katika bustani ya Greenwich, karibu na jumba la falaki. Alikufa muda mfupi baadaye, na shabaha yake haikuthibitishwa kamwe.

Conrad, aliyezaliwa mwaka 1857 chini ya himaya ya Urusi iliyowapeleka wazazi wake uhamishoni, hakulichukua tukio hilo lilivyo. Katika riwaya yake waanakisti, yaani wapingao mamlaka yote ya dola, huketi dukani kwa Verloc wakibishana wala hawatendi lolote. Wazo la kuilipua longitudo sufuri halitoki kwao. Hutoka kwa Vladimir, katibu wa ubalozi wa nchi ya kigeni, anayetaka Uingereza iogope na kuwabana wakimbizi wa kisiasa. Hoja yake ni ya kijanja: kuuawa kwa wafalme kumezoeleka, na kanisa likishambuliwa watu watadhani ni ugomvi wa dini, kinachoabudiwa na tabaka la mabwanyenye ni sayansi. Kwa hiyo harakati ya kuupinga wakati wa dola imebuniwa na ofisi ya dola. Wako wanaomlaumu Conrad kwa kuwadhalilisha wanamapinduzi. Lawama hiyo ina mashiko, lakini haikikanushi kinaya hiki.

Msomaji wa Kiswahili ana faida hapa. Yeye huuona mshale wa saa ukielekea 7 asubuhi, na ulimi wake ukasema saa moja, asione kioja. Hesabu yake huanza mapambazuko. Kwake yeye, kwamba saa ni makubaliano tu si jambo la kuthibitishwa kwa bomu.

Hata Profesa, mhusika aliye mkali kuliko wote, ni mateka wa saa: bomu analotembea nalo mfukoni hulipuka sekunde 20 baada ya kubonyezwa. Anayelipia ni Stevie, shemeji ya Verloc, kijana mwenye akili pungufu na huruma nyingi, ambaye kazi yake nyumbani ni kuchora duara juu ya duara, maumbo yasiyo na mwanzo wala mwisho. Hujikwaa bustanini akiwa na bomu mkononi, na jumba la falaki halipati hata ufa.

Ni katika usimulizi ndipo wakati unapovunjwa kweli. Sura ya nne huruka hadi baada ya mlipuko. Kisha kwa mbinu rejeshi msomaji hurudishwa nyumbani, akamtazama Winnie, dada yake Stevie, akiwasukuma kaka na mume waende matembezi pamoja, naye akijua asichokijua yeye. Hakuna mwanaharakati riwayani aliyeitikisa saa kiasi hicho.

Winnie hana chama. Baada ya kumchoma mumewe kisu husikia mlio kama wa saa, na saa ya ukutani haina mlio. Ni damu inayodondoka sakafuni. Anapoitazama saa hiyo tena, akiwa ameshaamua kujitosa katika mto Thames, anaona kwamba lazima imesimama. Zimepita dakika 3 tu. Yeye hasadiki.