Mti wa tufaha ulifikaje Dzaleka?

Vitabu vingi vya picha vinavyotufikia hapa kambini kutoka Ulaya na Marekani vina tufaha mahali fulani. Herufi ya kwanza ya alfabeti, tufaha. Kuhesabu moja mpaka kumi, matufaha. Na kuna vile ambavyo ni mti wa tufaha tangu mwanzo hadi mwisho: mbegu, mche, maua meupe, tunda jekundu, majani yanaanguka, theluji, halafu maua tena. Mimi huwasomea watoto siku ya Jumamosi, Kiswahili na Kiingereza kidogo, na hivyo vitabu nimevisoma mpaka kurasa zimelegea. Siku moja tulipofika kwenye theluji, mtoto mmoja wa Kirundi akaniambia: "Mwalimu, mti umeshakufa. Mbona unaendelea kusoma?"

Nilimweleza habari za baridi ya huko. Lakini swali lake lilinipeleka mbali zaidi: nani alianza kuweka mti ndani ya kitabu cha mtoto, na kwa nini mti huo? Kumbe mtu mwenyewe alikuwa mkimbizi kama sisi.

Jina lake Jan Amos Komenský, wengi wanamwita Comenius. Alizaliwa mwaka 1592 Moravia, ambayo leo ni sehemu ya nchi ya Czech. Alikuwa mwalimu na mchungaji wa kanisa dogo la Kiprotestanti. Baada ya vita vya mwaka 1620 karibu na mji wa Praha, watu wa kanisa lake wakaanza kusakwa. Akaishi kwa kujificha. Mwaka 1622 tauni ikamchukulia mke na watoto wawili. Mwaka 1628 akavuka mpaka na wenzake, wakafika mji wa Leszno, Poland. Nyumbani hakurudi tena. Na hata Leszno haikumtosha: mwaka 1656 mji ulichomwa vitani, maandishi yake yakaungua, pamoja na kamusi ya lugha ya kwao aliyoifanyia kazi zaidi ya miaka 40. Alifia Uholanzi mwaka 1670. Hapa Dzaleka, kwa watu waliotoka Fizi, Uvira, Bujumbura au Kigali, habari kama hizi hazihitaji kuelezwa mara mbili.

Kitabu chake kinachohesabiwa mara nyingi kuwa cha kwanza cha picha kwa ajili ya watoto kinaitwa Orbis Sensualium Pictus, yaani ulimwengu unaoonekana, kwa picha. Kilichapwa Nuremberg, Ujerumani, mwaka 1658. Alikitunga alipokuwa akifundisha Sárospatak, Hungaria, ila kikacheleweshwa kwa sababu huko hakupatikana fundi wa kuchonga picha. (Aliyewahi kutafuta mahali pa kuchapia kitu Lilongwe kwa bei nafuu atamhurumia.) Kina picha 150 hivi. Kila kitu kwenye picha kina namba, na kila namba ina neno lake kwa Kilatini na Kijerumani. Humo mti unakua hatua kwa hatua, kutoka mbegu hadi chipukizi hadi mti wenye shina na matawi. Sura inayofuata ni ya matunda, na tunda la kwanza kutajwa ni tufaha.

Comenius alishikilia jambo moja: mtoto aone kitu kwanza, neno lifuate. Kitu kikiwepo kiletwe chenyewe, kisipokuwepo ndipo picha. Tufaha liliingia kitabuni kwa sababu lilikuwa sokoni. Mtoto wa Nuremberg angeweza kutoka nje, akasimama chini ya mti na kuangalia kama kitabu kinasema kweli. Kwangu mimi hapo ndipo uzito wa habari hii ulipo.

Safari iliyobaki ni fupi kuieleza. Waingereza walikuwa na alfabeti yao ya watoto inayoanza na pai ya tufaha, ilikuwa inajulikana tayari mwaka 1671, na Kate Greenaway aliichora upya mwaka 1886. Lugha yao ilipokuja Nyasaland, ilikuja na alfabeti yake. Halafu zikaja zawadi. Mwaka 1954 Lady Ranfurly, mke wa gavana wa Bahamas, alianza kukusanya vitabu kutoka Uingereza. Shirika lililotokana na kazi hiyo leo linaitwa Book Aid International, na vitabu vyake vimefika hata maktaba za Malawi. Ndugu zetu wa mashirika, msinielewe vibaya: maboksi yaendelee kuja. Lakini tufaha lililotoka Nuremberg lilikuwa kitu cha kuonja. Lililofika hapa lilikuwa picha tu.

Hata neno lenyewe linatukwepa. Tufaha ni neno la Kiarabu. Huko Zanzibar na pwani, ukisema tofaa, mtu anaweza kukuletea tunda jingine kabisa, jekundu, lenye maji mengi, la mti uliotoka Asia. Sisi wa Kongo tunasema pome, kwa Kifaransa, na Warundi na Wanyarwanda vilevile. Kwa hiyo mimi nikisoma "tufaha" nusu ya watoto wananitazama tu, nikisema "pome" wanakumbuka madukani Lilongwe, yale ya Afrika Kusini yenye kibandiko, yanayouzwa mojamoja.

Na kuna jambo ambalo vitabu vingi vya siku hizi vinaruka. Mtoto kitabuni anapanda mbegu ya tufaha tamu, anapata mti wenye tufaha tamu lilelile. Si hivyo. Mbegu ya tufaha haimrudii mama yake. Huenda ikazaa tunda dogo, chachu. Ili upate tunda lilelile lazima ubebeshe: ukate kijiti cha mti mzuri, ukifunge kwenye shina la mche mwingine mpaka vishikane. Comenius hakuliruka hilo, mkulima wa bustani anayebebesha yumo kwenye kitabu chake. Waliokuja nyuma waliona hadithi ya mbegu ni tamu zaidi.

Sasa, mti huu ungeota hapa? Hutaka baridi ili uamke. Aina nyingi zinahitaji saa 800 hadi 1,000 za baridi chini ya nyuzi 7, na Dowa, hata tukitetemeka mwezi wa saba, hatufiki huko. Zipo aina zisizodai sana, kama Anna ya Israeli, na Dorsett Golden iliyopatikana Bahamas miaka ya 1950, visiwa vilevile alikoanzia Lady Ranfurly. Kabale, Uganda, wakulima huyapukutisha majani kwa mkono ili mti udhani majira ya baridi yamepita. Na milimani Dedza na Ntcheu matufaha yanalimwa. Kwa hiyo si tunda la mbinguni, liko umbali wa safari ya basi, ila mtoto wa hapa hawezi kulifuata huko bila kibali na nauli.

Mwembe anaweza. Na nisidanganye, mwembe nao ni mgeni. Ulitoka India. Njia za misafara kutoka Bagamoyo hadi Tabora na Ujiji zinajulikana mpaka leo kwa miembe yake, na waliopita chini yake wengi walikuwa wamefungwa, wamebebeshwa pembe za ndovu. Nkhotakota, ziwani, ambako Jumbe mfanyabiashara wa Kiswahili aliweka makao miaka ya 1840, ni mwisho mmojawapo wa njia za namna hiyo. Mti huu na Kiswahili tunachokisema vilitembea barabara zilezile. Hilo nalo liingie kitabuni, kwa watoto wakubwa kidogo.

Maana nataka kitabu hicho kitengenezwe hapa, kwa Kiswahili, Kirundi, Kinyarwanda na Chichewa, namba kwenye picha kama alivyofanya yule mzee. Theluji hamna, na majani hayaanguki yote. Wachoraji tunao, tunawaona kila mwaka kwenye Tumaini Festival. Ila mwenye kuchora asikae chumbani. Maua yanatoka wakati wa baridi, Juni na Julai, madogo sana, mamia kwenye kikonyo kimoja, na karibu yote huanguka. Nzi na nyuki ndio wanaofanya kazi. Kuanzia Oktoba maembe ya Salima yanafika Lilongwe kwa ndoo, halafu yanaiva ya huku kwetu, wakati ambao unga ndani ya nyumba umepungua. Ukurasa huo sijui utachorwaje, lakini watoto wataujua bila kuelezwa. Kwa mbegu mti unachukua miaka mitano mpaka minane kuzaa, na mtoto atakayesomewa atauliza kama tutakuwa bado tuko hapa.