Michael Grzimek, Mpiga Picha wa Serengeti

Chini ya piramidi hii ya mawe, ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro, amezikwa Mjerumani Michael Grzimek. Filamu aliyoitengeneza Kongo na baba yake, Profesa Bernhard Grzimek, ilishinda Dubu wa Dhahabu mjini Berlin mwaka 1956. Kisha wakaja kuhesabu wanyama wa Serengeti kwa ndege ndogo, Dornier Do 27, iliyopakwa milia ya pundamilia. Ndege hiyo ndiyo iliyoipa filamu yao ya hapo, Serengeti Haitakufa, sura yake: kamera inatazama kutoka juu, na misafara ya nyumbu inatambaa nyikani kama siafu.

Tarehe 10 Januari 1959 ndege iligongana na tumbusi. Michael, aliyekuwa peke yake, akafa akiwa na miaka 24. Majivu ya baba yake, aliyefariki 1987, yapo hapa pia.

Serengeti Haitakufa ilipata Oscar mwaka 1960. Ni picha nzuri mno, lakini ina upendeleo: Bernhard alitaka hifadhi isiyo na watu, na mwaka huohuo wa 1959 Wamaasai walihamishwa Serengeti kuja Ngorongoro. Alan Root, kijana wa Kenya aliyeshiriki kuipiga filamu hiyo, baadaye akawa bingwa wa filamu za wanyamapori.