Oscar Micheaux, Mtengenezaji wa Picha za Senema

Somo la leo ni habari za mtu mweusi wa Marekani, Oscar Micheaux. Mwalimu, liandike jina hilo ubaoni, kwa maana halisomwi kama lilivyoandikwa. Husemwa "Misho".

Alizaliwa mwaka 1884 katika jimbo la Illinois. Baba yake alizaliwa mtumwa. Kijana huyu alihudumia abiria katika gari moshi, akaweka akiba, akapata shamba South Dakota, mahali ambapo majirani zake karibu wote walikuwa Wazungu. Shamba halikumfaa, ukame ulizidi. Basi akaandika vitabu juu ya maisha yake, akavitembeza mwenyewe nyumba kwa nyumba.

Mwaka 1918 kampani moja ya watu weusi ilitaka kugeuza kitabu chake The Homesteader kuwa picha ya senema. Micheaux alitaka kuisimamia kazi hiyo mwenyewe. Hawakukubaliana. Akaanzisha kampani yake. Fedha je? Aliwarudia wakulima wale wale waliokuwa wamenunua vitabu vyake, wengi wao Wazungu, akawauzia hisa. Hisa ni fungu la mali ya kampani: watoa fedha yako ukitazamia faida, na kampani ikianguka, nawe umeanguka. Picha ilionyeshwa Chicago mwaka 1919. Huhesabiwa kuwa picha ndefu ya kwanza kutengenezwa na Mmarekani mweusi.

Picha yake ya mwaka 1920, Within Our Gates, ilileta mashaka. Ndani yake umati wa Wazungu unawanyonga watu weusi bila hukumu, jambo lililokuwa likitendeka kweli siku zile. Miezi michache kabla yake, Julai 1919, watu 38 walikufa katika ghasia za Chicago kati ya weusi na weupe. Wakaguzi wa mji waliikataa picha, kisha wakairuhusu baada ya kukatwa vipande. Wengine walisema itachochea watu. Mimi naona waliochochea ni wale walionyonga, si yule aliyeonyesha.

Alisafiri mji hata mji akiwa na picha zake, akiwaomba wenye majumba ya senema fedha za picha ijayo. Mwaka 1928 alifilisika, lakini mwaka 1931 alitoa The Exile, picha yenye sauti. Ya mwisho ilitoka mwaka 1948, haikupendwa. Alifariki mwaka 1951.

Alitengeneza picha zaidi ya 40, na nyingi zimepotea. Within Our Gates nayo ilidhaniwa imepotea, mpaka nakala moja ilipoonekana Hispania katika miaka ya 1970. Picha za zamani hazikuwa na sauti, maneno yaliandikwa katikati ya picha. Na katika nakala ile yalikuwa ya Kihispania. Ikabidi yafasiriwe tena kwa Kiingereza, lugha aliyoyaandikia, ndipo Wamarekani wakaitazama picha yao tena mwaka 1993.