Nani Aliyetia Sahihi?

Wiki hii nataka tuitazame sahihi. Nasema ile iliyo chini ya barua ya toleo, ambayo mtu wa Katandala, pale mjini Sumbawanga, huitunza sandukuni pamoja na vyeti vya watoto. Tukiipata karatasi hiyo tunasoma namba ya kiwanja na ada. Cheo cha aliyetia sahihi hatukitazami, ingawa ndicho kinachoonyesha kama tumepewa kiwanja au tumeuziwa mbuzi kwenye gunia.

Wafipa walilijua jambo hili kabla ya serikali za makaratasi. Masimulizi yao yanasema Mwene wa Milanzi, ambayo leo ni kata ya manispaa hiyo hiyo, alikwenda kuwinda akawaachia watu wa nyumbani kiti chake. Wakaja wanawake wageni wa ukoo wa Watwa, na aliporudi alimkuta mkubwa wao amekikalia. Ikawa Watwa watawale nchi, naye abaki na Milanzi yake na matambiko. Swali ni lile lile: aliyeachiwa kiti anaruhusiwa kufanya nini nacho?

Mwaka 1895 Wajerumani walitoa amri kwamba ardhi isiyo na mwenyewe ni mali ya Dola, na waamuzi wa nani ni mwenyewe wakawa wao. Waingereza wakaja na Sheria ya Ardhi ya 1923. Ardhi yote, inayokaliwa na isiyokaliwa, ikawa ya umma chini ya Gavana. Lakini Gavana alikaa Dar es Salaam, zaidi ya kilometa 1,000 kutoka Ufipa. Asingeweza kukagua kila shamba. Hivyo maofisa walifanya kazi kwa niaba yake, na vijijini watu waliendelea kupeana ardhi kwa mila, milki ambayo marekebisho ya 1928 yaliitambua.

Tulipokuwa Jamhuri mwaka 1962, Rais alichukua nafasi ya Gavana katika sheria hiyo hiyo. Mwaka 1963 machifu wakaondolewa madarakani. Mwaka 1972 halmashauri zikavunjwa, kisha baada ya miaka kumi na kitu zikarudishwa. Kila mageuzi yaliacha ofisi mbili, kila moja ikiamini kwamba kalamu ni yake, na kiwanja kimoja kikapata wenyewe wawili, kila mmoja na barua yake. Tume ya Profesa Issa Shivji, iliyoundwa 1991, iliyasikia hayo mikoani. Ilipendekeza ardhi ya vijiji iwe mikononi mwa mikutano mikuu ya vijiji. Serikali haikukubali, na mimi naona ilikosea, lakini hilo ni la wiki nyingine.

Sheria za 1999, zilizoanza kutumika Mei 2001, zilimbakiza Rais kuwa mdhamini wa ardhi yote. Kamishna wa Ardhi hutoa milki kwa niaba yake, naye anaweza kukasimu madaraka kwa maofisa. Halmashauri ya mji haiwezi kutoa milki ila pale sheria au kanuni zinapoiruhusu. Kijijini, halmashauri ya kijiji haigawi bila idhini ya mkutano mkuu. Mwenyekiti peke yake, hata muhuri wake uwe mkubwa kama sahani, hana ardhi ya kumpa mtu.

Madini yana njia yake. Kisheria ni mali ya Jamhuri, si ya mwenye shamba lililo juu yake. Leseni zilikuwa za Waziri na Kamishna wa Madini. Tangu 2017 ni kazi ya Tume ya Madini. Katika Bonde la Rukwa, ambako gesi ya heliamu ilitangazwa mwaka 2016, mkulima mwenye hati safi anaweza kukuta mwingine ana leseni juu ya eneo hilo hilo. Lakini leseni haimfukuzi. Karibu na nyumba na mashamba yanayolimwa, mwenye leseni anahitaji ridhaa ya maandishi, na akiharibu analipa fidia.

Mwaka 2020 Wizara ya Ardhi ilifungua ofisi mikoani, na hati zikaanza kutiwa sahihi huko huko. Mtu wa Katandala hana tena sababu ya kusingizia nauli ya Dar es Salaam. Aitoe barua yake sandukuni, aende nayo, aulize: huyu aliyetia sahihi alikasimiwa na nani, na kwa karatasi ipi?