Mtu Aliyebakiwa na Neno Moja

Watu wa kale walidhani ya kuwa kunena ni kazi ya ulimi tu. Mtu akipotewa na maneno ghafula, walisema ulimi wake umefungwa, au akili zimemtoka. Na tutazame jinsi ukweli ulivyopata kujulikana.

Karibu na mji wa Paris, katika nchi ya Ufaransa, ipo hospitali iitwayo Bicêtre. Humo alikaa mtu jina lake Leborgne. Alipokuwa na umri wa miaka 30 hivi alipotewa na usemi, akabakiwa na neno moja, “tan”, ambalo alilirudia mara mbili kwa kila aliloulizwa. Ulimi wake ulikuwa mzima, na masikio yake yalisikia. Baadaye mkono wake wa kuume ukapooza, kisha na mguu.

Mwezi wa Aprili 1861 akaletwa kwa daktari Paul Broca. Daktari akamwuliza, amekaa hapo miaka mingapi? Mgonjwa akafumbua vidole vitano mara nne, kisha akaongeza kimoja: miaka 21. Hesabu ilikuwa sawasawa! Kumbe aliyekosa maneno hakukosa akili.

Tarehe 17 ya mwezi ule akafa. Broca alipoutazama ubongo wake aliona umeharibika upande wa kushoto, sehemu ya mbele. Mwaka 1865 akaeleza ya kuwa kwa watu walio wengi usemi hutawaliwa na upande huo. Nao ndio utawalao mkono wa kuume. Kwa hiyo mara nyingi maradhi haya mawili hufuatana.

Mwaka 1874 Mjerumani Carl Wernicke, kijana wa miaka 26, akaeleza wagonjwa wa namna nyingine: hunena maneno mengi yasiyo na maana, wala hawafahamu waambiwayo. Dhara lao lilikuwa upande ule ule wa kushoto, lakini nyuma zaidi.

Siku hizi ugonjwa huu huitwa afasia, na mara nyingi huletwa na kiharusi. Basi tukimwona mzee wetu amepatwa nao, tusimcheke, wala tusimseme mbele yake kana kwamba hayupo. Tumwulize polepole, tena tumngoje. Huenda jibu analo, ila njia ya kulitoa ndiyo iliyoziba.